Kiti cha Miguuni pa Kitanda

Jumatatu, 7 Julai 2025
Sabasaba. Wengine wamepumzika, mimi nimepata wazo. Mama Salvina wa Omurushaka, shangazi yake Kemigisha, anakuja Jumamosi kuona nyumba yangu hapa Nyakatuntu. Akiridhika, namwoa Kemigisha. Asiporidhika, sitaki hata kuliandika. Nyumba ni safi. Kasoro ni moja: miguuni pa kitanda hakuna kitu! Jirani yangu Melkiory kaweka sanduku la bati lenye kitambaa cha kufuma, na watu wanapita kulitazama kama wanaaga maiti. Huyu naye aliwahi kumtupia jicho Kemigisha. Lazima nimpite.

Jumanne, 8 Julai
Nimekwenda Kayanga kwa fundi seremala. Ana benchi la mninga lenye sponji juu, maalumu kwa miguuni pa kitanda. Nimelikalia. Nimesinzia kidogo. Fundi akataja bei, usingizi ukaisha. Akasema pengine stuli ingenifaa. Stuli! Nimetoka bila kuaga.

Kurudi nikapitia kwa baba mdogo Rwegoshora. Nyuma ya nyumba, kwenye migomba, umelala ule mtumbwi wake wa kukamulia ndizi za rubisi, pombe yetu ya ndizi. Gogo zima, limechongwa kwa mkono, linang'aa kwa miguu ya wakanyagaji. Urefu wake ni upana wa kitanda changu na ziada kidogo. Mungu yupo!

Jumatano, 9 Julai
Baba mdogo kaenda kuuza kahawa, nami nimeuazima. Kumwambia nitamwambia baadaye. Nimeujaza vipande vya godoro la zamani, juu nikatandika kitenge. Ile ziada kidogo inaziba nusu ya mlango, kwa hiyo napitia dirishani nisichafue kitenge. Lakini uzuri wake! Nimekaa kitandani nautazama tu.

Alhamisi, 10 Julai
Balaa. Baba mdogo kaita watu: mtumbwi umeibwa, na ndizi zimeshaiva. Alitaka kumkamulia Mama Salvina rubisi, maana mkwe atapokewaje kwa soda? Kumbe alikuwa ananisaidia mimi! Nimeona haya kabisa. Nikajitolea kuongoza msako. Nikapendekeza tuanzie kwa Melkiory. Tulifungua hadi lile sanduku lake. Baba mdogo akasema mtumbwi hauwezi kuingia humo. Nikasema wezi wa siku hizi ni mafundi. Lilikuwa na mahindi. Nilifurahi.

Ijumaa, 11 Julai
Sisimizi! Wamenusa utamu wa ndizi ulionywea ndani ya mti miaka yote. Nimewafagia, wamerudi na ndugu zao. Nimewanyunyizia manukato. Sasa wananukia.

Jumamosi, 12 Julai
Mama Salvina kafika na Kemigisha, baba mdogo kaja kunisaidia kuwapokea. Shikamoo zikaisha, ndizi na maharage vikaliwa, soda ikanywewa kimya kimya. Akaomba kuona chumba. Akapita mlangoni kwa ubavu, akasema hajawahi kuona kiti kama hicho. Nikavimba. Akakaa. Akazama! Miguu juu, magoti kidevuni, na sisimizi wakaanza kazi. Kemigisha akavuta mkono huu, mimi ule, wapi. Ikabidi aitwe baba mdogo kutoka sebuleni. Akamvuta mkwe, kitenge kikamfuata, mtumbwi ukabaki wazi.

Baba mdogo akaniuliza kwa Kinyambo kama nina akili. Nikainama kuokota kitenge. Nikajua nimemkosa Kemigisha.

Mama Salvina akatazama nyayo zangu dirishani, akauliza ni za nini. Nikaeleza yote. Akacheka hadi akakaa tena, safari hii kitandani. Akasema mwanamume anayeingia kwake kwa dirisha ili mgeni apate pa kukaa, huyo atamhangaikia mkewe. Amekubali! Sharti lake: rubisi ya harusi ikamuliwe kwenye mtumbwi huo huo, na ndizi nizikanyage mimi. Kemigisha akatabasamu. Nimelia kidogo, nikasingizia sisimizi.

Jumapili, 13 Julai
Nimekwenda misa kushukuru. Mtumbwi umerudi migombani, sanduku la Melkiory liko palepale, na miguuni pa kitanda changu pako wazi. Bibi harusi hawezi kuingia mahali kama pale. Nimeahidi mbele ya altare kuacha ujanja. Wakati wa matangazo nikagundua kwamba benchi la nyuma kabisa halikaliwi na mtu. La mninga! Nimelipima kwa mikono padri akitoa baraka. Linaingia, na ziada kidogo.