Mwaka Mrefu wa Walomurigo

Jumatatu, 10 Februari 2025

Asubuhi mbaya. Night, mjane muuza chai wa hapa mtaani Hai Mauna, Juba, mwanamke ninayetaka kumwoa kabla meno hayajaniaga, ameniita "mzee" mbele ya wateja. Norman alikuwepo. Akacheka hadi chai ikamtoka puani. Norman ni Mganda wa chapati, mwembamba kama fimbo yake ya kusukumia, unga kwenye nyusi. Naye anamtaka Night! Amu yake Night, Arkangelo, ametuita sote wawili Jumamosi tujieleze mbele ya ukoo.

Lazima nipunguze umri. Rangi ya viatu nilishajaribu kichwani Krismasi. Nikatoka jasho kanisani, kola ikasimulia yote.

Jumanne, 11 Februari

Nimepata! Kitambulisho changu kinasema nilizaliwa Januari mosi, kama nusu ya Juba. Karani wa kambi ya wakimbizi kule Uganda hakuwa na muda wa kuuliza zaidi. Basi umri wangu ni makisio, na makisio yakiwa yangu nayarekebisha mwenyewe.

Nimeunda ufalme. Walomurigo, waliokaa ukingoni mwa Nile wakati Wamisri wangali wanatambaa. Mwaka wao hauishi mpaka mvua zije na kuondoka mara mbili, na huku kwetu msimu wa mvua ni mmoja tu kwa mwaka. Miezi yao: Tope, Vumbi, Nzige, Wageni Wasioondoka, na mingineyo nitakayoikumbuka nikishiba. Jumatatu hawakuwa nayo. Watu wenye akili. Kwa hesabu yao, mimi wa hamsini na mbili nina ishirini na sita.

Kazi yangu ni kuchora vibao vya maduka, kwa hiyo nimeichora kalenda nzima juu ya ngozi ya mbuzi, nikaifukiza kwa mkaa ili izeeke. Imezeeka vizuri. Inanuka vizuri pia. Mbwa wawili wamelala mlangoni.

Alhamisi, 13 Februari

Nimeipeleka ngozi kibandani kwa Night. Urithi wa babu, nikasema. Watu wa mtaa huu wanameza chochote. Jubek muuza mitumba aliuliza kama Walomurigo walikuwa ndugu zake. Nikamjibu kwamba walikuwa wa karibu sana. Akafuta machozi kwa soksi ya kuuza.

Norman akainusa ngozi. "Bwana Laku," akasema, "mimi iko na miaka arobaini na saba. Sina kalenda ya kuchoma."

Mambo ya kale hayajui. Hata ya juzi hayajui.

Night akaniongezea sukari bila kuombwa. Mapenzi hayo!

Arkangelo ndiye aliyenikosha moyo. Alikuwa amepita kunywa chai. Akaisoma ngozi juu mpaka chini, akatangaza kwamba kuanzia leo ukoo unanitambua kuwa kijana wa miaka ishirini na sita. Nikamshika mkono kwa mikono yote miwili. Sijawahi kuona mzee mjinga hivi.

Jumamosi, 15 Februari

Nilivaa suruali ya kubana. Uani kwa Arkangelo, Hai Malakal, wazee wamekaa duara, Norman katikati yao na soda mkononi. Nikavuta kiti. Arkangelo akaniuliza nakwenda wapi.

"Ewe kijana, viti ni vya wakubwa. Wenzako wako kule."

Kule ni nyuma ya jiko: wanaobeba viti, wanaochota maji, wanaonyamaza. Nikasema nimekuja kujieleza. Wakaniambia kijana wa ishirini na sita hajisemei posa, baba yake ndiye humsemea. Baba yangu ni marehemu tangu zamani, na Arkangelo mwenyewe alishika koleo siku ya mazishi. Nikaomba nirudi hamsini na mbili, kwa leo tu. Duara zima likatikisa kichwa. Ukoo umeshawatambua Walomurigo. Nani atawatukana watu wa kale?

Nikabeba viti. Magoti yakalia kama mlango. Chakula kilipofika nikapewa birika, nikapita mmoja mmoja kuwanawisha. Norman akanyoosha mikono yake ya unga.

"Asante, mtoto," akasema.

Kisha akajieleza. Chapati, chapati, chapati. Wazee wakamsikiliza kama askofu. Night akaulizwa anamtaka nani. Akamtaja Norman.

Baadaye Night alinifuata nyuma ya jiko kuchukua beseni. Hakuwa akinicheka.

"Laku, mimi nilikuwa nataka mtu mzima. Siku ile nilipokuita mzee, nilikuwa nakusifu."

Akaenda zake na beseni.

Jumapili, 16 Februari

Sikwenda kanisani. Magoti. Nimelala chali nikitafakari maneno ya Night, mchana kutwa, kwa unyenyekevu mkubwa.

Jumatatu, 17 Februari

Nimeliona kosa. Dogo tu: mwaka wangu ulikuwa mrefu mno!

Kule Sherikat kuna Nyachuol, muuza samaki, mjane mwenye heshima, anayewapigia wazee magoti hata wakiwa wamelewa. Na Walomurigo wa ng'ambo ya pili ya mto, sasa ndio nakumbuka, walifunga mwaka kila mvua zikianza na tena kila zikikoma. Kwa hesabu yao nina mia na nne. Nani atamnyima kiti mtu wa mia na nne? Arkangelo mwenyewe itabidi anyanyuke anipishe.

Ngozi ya pili iko juu ya moshi. Fimbo nimeazima. Kuchechemea sihitaji kujifunza.