Mume Aliyelala na Mito Miwili

Jumatatu, 9 Juni
Miaka kumi na mmoja naigiza mume aliyelala katika filamu za kikubwa hapa Tokyo. Mke anachepuka na mleta vifurushi, mimi nakoroma pembeni. Leo nimefika studio saa nane mchana, nikawasalimu wote habari za asubuhi, ndivyo tusalimianavyo hata jua likizama. Mtayarishaji akasema wanafikiria kuweka mito badala yangu. Mito! Nikajilaza kwenye tandiko, roho inauma. Mvua ilipiga batini, nikaota niko kwetu Niigata, theluji inanifunika taratibu. Tamu ajabu. Sikusikia hata waliposema tumemaliza.

Jumanne, 10 Juni
Profesa Isogai, mama wa chuo kikuu anayetafiti filamu zetu, kanieleza jambo. Mke mpweke, mleta vifurushi, bosi mkali: hao wote ni sura za kuotwa tu. Mume aliyelala ndiye mtazamaji mwenyewe. Filamu nzima ni ndoto yake! Sikuelewa vizuri, ila nilijaa furaha hadi wali wa boksi ukanishinda. Kumbe wote wanaishi kichwani mwangu. Nani atanifukuza? Mpango: kesho nafumbua jicho moja, kamera inione.

Jumatano, 11 Juni
Nimefumbua. Mwongozaji wa filamu, Bi. Tsukuda, akafoka: we mume, lala! Eti nikiwa macho, hakuna siri tena. Hiyo ni filamu ya aina nyingine, ya mume anayechungulia, ina wateja wake na ina mume wake. Nagamine, mleta vifurushi, misuli mingi maringo tele, akauliza kama mzee ameamka kwenda chooni. Wakaangua kicheko. Nikaambiwa nipumzike mpaka niitwe. Nimelia kwenye treni, nikapitiliza vituo vinne.

Ijumaa, 13 Juni
Sikuitwa. Nimekwenda hivyo hivyo, kuchukua ndala zangu. Chini ya blanketi langu: mito miwili na wigi! Nikajibanza nyuma ya taa, nimenyong'onyea. Profesa akaingia, kachelewa. Akaitazama ile mito kitambo kirefu, kisha akamnong'oneza Bi. Tsukuda kwamba huyu jamaa sasa kakomaa, leo hata pumzi yake haisikiki.
Machozi yakanitoka. Ya furaha! Kama naigiza vizuri hivi nikiwa sipo, itakuwaje nikiwepo?
Jumatatu nafumbua macho yote mawili.