Kastanya za Bi Ersilia

Jumatatu, 20 Oktoba

Ukungu umeshuka bondeni hadi mnara wa kanisa ukapotea. Nilikwenda kununua mkate. Bi Ersilia, mwenye duka, aliniambia tangu mama yake afariki hajaonja kastanya, zile kokwa tamu za msituni, zilizopikwa nyumbani kwa shira. Akashusha pumzi. Jirani yangu Fiorenzo alikuwa nyuma yangu kwenye foleni, akasikia kila neno. Yeye mgane, mimi mgane, Bi Ersilia mjane. Atakayefika kwake Jumapili na kastanya nzuri ndiye atakayeambiwa karibu uketi. Nitakuwa mimi.

Jumanne, 21 Oktoba

Kastanya za mti wangu ni ndogo kama gololi. Za Fiorenzo nene, na matawi yake yamevuka ukuta. Nikayatikisa kwa reki. Akatokea, akauliza nafanya nini. Nikasema natoa utando wa buibui.

"Ahsante, jirani. Basi nitolee na wa zizini," akasema, akanipa ngazi.

Nimefagia utando hadi jioni. Lakini mifuko imejaa.

Jumatano, 22 Oktoba

Kumenya. Ganda la nje linatoka. Ngozi ya ndani imeng'ang'ania kama kupe. Nikazifunga kwenye kitambaa cha shashi, nikazichemsha taratibu. Harufu ya msitu wenye mvua. Nikaketi dirishani. Bi Ersilia akavuka daraja kwa shali ya kijani, akaja mpaka mlangoni, akaniita Ottavio bila Bwana. Nilipozinduka, darajani hapakuwa na mtu. Maji yamekauka, nusu ya kastanya zimevunjika.

Alhamisi, 23 Oktoba

Nusu iliyobaki iko kwenye shira. Kila siku shira ipashwe kidogo, inenepe, kastanya zinywe polepole. Dada yangu Nives alipita. Akasema, kaka, usiharakishe moto, zitapasuka. Nikamwambia mapenzi hayasubiri.

"Humu sioni mapenzi," akasema. "Naona moshi."

Moshi kweli ulikuwepo.

Jumamosi, 25 Oktoba

Zangu zimekuwa uji wa kahawia. Nikachungulia kwa Fiorenzo: zake nzima, zimepangwa kwenye wavu, zinang'aa kama mawe ya mtoni. Alipokwenda zizini kukamua mbuzi, niliingia jikoni kwake. Nilitaka kubadilisha chache tu. Nilizitazama mno. Nilimwona Bi Ersilia akiuma moja, macho kayafumba, theluji inaanguka nyuma yake. Kumbe mlango nimeuacha wazi. Mbuzi wake mkubwa akaingia, akala kastanya zote za wavuni, akalamba na meza. Nilitoroka kupitia dirishani.

Baadaye nilimwona Fiorenzo ameketi kizingitini. Vidole vyake vimechubuka kama vyangu. Sikupata raha. Nikamwita, nikamwambia twende wote kesho.

Jumapili, 26 Oktoba

Tulikwenda, mimi na sufuria yangu, yeye mikono mitupu. Fiorenzo akasimulia habari ya mbuzi. Nikaona aibu, nikaeleza mlango ulivyoachwa wazi. Fiorenzo akanigeukia.

"Na utando wa buibui je?" akauliza.

Nikakiri na huo. Bi Ersilia akacheka mpaka akafuta machozi kwa aproni, na Fiorenzo naye akashindwa kujizuia. Tukala uji wangu kwa vijiko, sote kwenye sufuria moja. Nje ukungu, ndani joto. Bi Ersilia akasema kastanya zenyewe hata hazimshughulishi sana. Alichokikosa ni watu wa kuongea naye jikoni, kama mama yake alivyokuwa akiongea huku akikoroga.

"Jumapili ijayo njooni tena," akasema. "Msilete kitu. Njooni tu tuzungumze."

Fiorenzo akaitikia, ameridhika kabisa. Maskini, ameamini. Mimi namjua mwanamke anayetamani kitu akaona haya kukitaja. Nimeazima sufuria kubwa ya Nives. Mapea ya kupika kwa shira yako mezani, nusu nimeshayamenya.