Mlingoti wa Kunasa Radi wa Terrat

(Akida Mwinchande bin Shomari anahutubia watu wa Terrat chini ya bendera ya Kaisari. Masika yamekaribia.)

Bwana Mkubwa wa boma la Arusha, asiyekuwepo, bendera ya Kaisari, iliyopo, laigwanani unayeongoza rika la Waarusha, washili mnaoongoza koo za Kimeru mliokuja kututembelea, mwalimu Aminieli wa misheni, askari mnaosinzia, akina mama mlioacha mashamba, na mimi mwenyewe, ambaye bila mimi msingejua nani wa kusalimiwa kwanza: nawasalimu wenye vyeo kwa vyeo vyenu, na wasio na vyeo kwa cheo changu. (Makofi ya karani.)

Ndugu zangu, zaidi ya miaka mia na hamsini iliyopita, huko Ulaya ilizuka elimu kubwa ambayo kwa Kidachi, lugha ya Kaisari, twaiita Visenshafti, na ambayo kwa Kiswahili bado haijapata ruhusa ya kuitwa kitu. Wenye elimu hiyo walipima joto kwa zebaki, wakaipima hewa uzito, wakachemsha maji mpaka mvuke ukasukuma mashine, na mmoja wao, huko Amerika, akarusha tiara mawinguni akagundua kwamba radi hupenda chuma kuliko nyumba. Sifa yao ilikuwa kukataa kila jambo mpaka walione kwa macho, tabia ambayo haijafika Terrat, nami sina haraka ifike. (Kicheko. Akida anakipokea kama sifa.)

Basi mwaka jana nilichunguza, kwa kina na kwa kiti, nikagundua kwamba katika ng'ombe wote waliouawa na radi, hakuna hata mmoja aliyepona. Hapo hapo nikaanzisha mradi wa mlingoti mrefu wa chuma. Na kwa kuwa naheshimu mila, nilijua kwamba kwa Waarusha chuma kilichotoka kwa mhunzi hakishikwi mpaka kipakwe mafuta ya kondoo. Mlingoti mrefu, mafuta mengi. Ndipo kila kaya ikatoa kondoo mnono, kwa hiari, mbele ya askari.

(Mjane Nkasiogi anasimama. Anasema masika yaliyopita radi ilimwulia ng'ombe, amebaki na mmoja tu wa maziwa, na kondoo aliyemtoa hakuwa na mwenzake. Anauliza mlingoti uko wapi, maana ngurumo zimeanza mlimani.)

Swali zuri, mama. Lakini mafuta hayangoji chuma, mafuta huoza. Kwa hiyo mimi na karani tuliyahifadhi mahali salama, pasipofikiwa na panya. (Watu wanalitazama tumbo la Akida. Mwalimu Aminieli anakohoa.) Chuma nacho kinashughulikiwa, katika ngazi ya kukifikiria. Kwa sasa, mama, mweke ng'ombe wako mbali na miti, na umwambie atulie.

Semeni nami: Radi, chini! Elimu, juu! Kondoo, mbele! (Wanaitikia wawili, mmoja ni karani.)

Nawashukuru mno. Ombi dogo tu: kesho Bwana Mkubwa atapita hapa. Msimshukuru kwa mlingoti, kwa sababu hajawahi kuusikia, wala hakuna aliyeuagiza, wala mimi sijui vitu hivyo huuzwa wapi.

(Nkasiogi bado amesimama. Anasema yeye alikwisha kumshukuru jana, alipopeleka maziwa bomani, na Bwana Mkubwa alishangaa sana. “Nilipomweleza habari za kondoo wangu, akaniuliza nani amemla,” anasema. “Nikamtajia jina lako, Bwana Akida. Akasema hatangoja hiyo kesho, anakuja leo.”)

Asanteni. Mkutano umefungwa. Kuna mtu anayeijua njia ya Moshi isiyopita bomani?