Uyoga wa Lumintik

Jumatatu, 4 Novemba
Homa imemwacha mke wangu Lumintik, lakini chakula anakitazama tu. Mkono wake umebaki mfupa. Leo kataja kitu kimoja: kodop. Uyoga! Ule mdogo wa kijivu, unaoota kwenye magogo msituni. Nikatoka mbio.

Nimepata gogo! Uyoga bado mchanga. Desturi ni kuchomeka kijiti, watu wajue lina mwenyewe. Sichomeki ng'o! Kijiti si ndicho kitakachomwonyesha Gumpil? Jirani huyo alimposa Lumintik kabla yangu, na mpaka leo anamwita shemeji kwa sauti ya asali. Nimelifunika gogo kwa turubai. Akili hiyo!

Jumatano, 6 Novemba
Nimefunua. Uozo mtupu! Jua na turubai vimeuchemsha wote. Nikakaa pale pale nikalia. Lumintik kauliza nilikuwa wapi. Nikasema namtafuta kuku. Akasema kuku wetu ndiye huyo, kalala miguuni pake.

Alhamisi, 7 Novemba
Gumpil kaja na bakuli. Kodop! Kauponda, kautia tangawizi na pilipili. Akanikaribisha: onja basi, mzee mwenzangu, au unaogopa mapishi yangu? Nikasema nimeshiba, nikatoka bila kugusa. Mjinga mimi! Ukikaribishwa chakula unagusa walau kwa kidole, usipogusa balaa linakufuata. Hata mtoto anajua.

Lilinikuta ngazini. Tako chini! Gumpil akapaza sauti kutoka ndani: si umeona? Rudi uguse! Nikarudi nachechemea, nikachovya kidole. Mtamu, ala!

Lumintik alicheka mpaka akashika mbavu. Akamaliza bakuli. Akaomba na wali! Alisema sisi wazee wawili hatuna akili hata ya kugawana. Nilikuwa namtazama akitafuna, na nilifurahi mno.

Ijumaa, 8 Novemba
Lumintik kala tena. Kaamka mwenyewe, kakaa mlangoni, anamsifu Gumpil kwa kila anayepita. Kwa kila anayepita!

Jioni Gumpil kanipeleka msituni, kanionyesha gogo lake. Kasema nichume nitakavyo, muhimu shemeji apone. Nimemshukuru kwa dhati. Mtu mwema kabisa, sina la kusema.

Kesho alfajiri nalihamishia gogo hilo nyuma ya nyumba yangu. Lumintik wangu ale cha mkono wangu, si cha mwingine. Toroli nimeshapata. Kaniazima Gumpil mwenyewe, nimemwambia nabeba kuni.