Maegesho ni Yangu, Mkataba Utasema

Jumatatu, 1 Desemba

Samsoni wa ghorofa ya juu ameegesha tena pembeni mwa nyumba. Mimi, mpangaji wa chini, naegesha barabarani. Leo nimekuta kioo cha gari langu kimeng'olewa. Basi! Nakumbuka vizuri, mwenye nyumba alisema maegesho ni ya chini. Samsoni anakumbuka vizuri kwamba ni ya juu. Mkataba ungeamua, lakini nakala hatuna, si yeye si mimi. Tulisaini, tukashukuru, tukaondoka.

Mama Kwizera, mke wangu, anasema nakala ni haki ya mpangaji, niombe tu. Kuomba! Mwanamke huyu hajui siasa. Nikiomba, mwenye nyumba atajiuliza natafuta nini.

Jumatano, 3 Desemba

Nimempigia mwenye nyumba kwa sauti nzito. Nikajifanya wakili Leonardi, nataka mkataba wa mteja wangu Rurangwa, yaani mimi mwenyewe.

Akauliza, "Rurangwa, una mafua?"

Kumbe simu yake inaonyesha jina. Nikasema ndiyo. Akanishauri tangawizi.

Ijumaa, 5 Desemba

Nimekwenda ofisini kwake kama mgeni anayetafuta nyumba, ili anionyeshe mikataba. Nilivaa miwani ya mke wangu. Ngazi sikuiona. Aliyeniinua ni mwenye nyumba mwenyewe, akaulizia mafua.

Nimerudi nikichechemea. Mama Kwizera akamwandikia ujumbe mmoja: tafadhali, tutumie nakala ya mkataba wetu. Maharage hayajachemka, nakala imefika kwenye simu.

Maegesho ni ya chini! Nikapanda juu na goti langu bovu, nikamsomea Samsoni kifungu mlangoni kwa sauti ya mchungaji. Mkewe, Spés, alitoka kusikiliza.

"Sawa, kaka," akasema Samsoni. "Haki yako."

Akashuka, akaondoa gari. Hakubisha hata kidogo. Ushindi wa namna hii haushibishi.

Jumapili, 7 Desemba

Baridi ya huku ugenini imeanza, theluji imefika magotini. Miaka yote husafisha Samsoni. Leo yuko dirishani anakunywa chai. Nimepanda kumuuliza kama anaumwa. Akanikaribisha kiti, akaniambia jana naye aliomba nakala yake, akapewa. Akaniomba kwa upole nisome kifungu kinachofuata.

Mwenye maegesho ndiye anayeondoa theluji: kwenye maegesho, mbele ya nyumba, na ngazi za wapangaji wote.

Mimi niliishia kwenye neno "chini".

Nimekosa ibada. Spés alinipita akienda kanisani, akasema ngazi ya juu bado inateleza.

Jumatatu, 8 Desemba

Mgongo haunyooki. Mwenye nyumba amepita, akanikuta na beleshi, akanihurumia. Akasema banda la nyuma liko tupu, naweza kulichukua nikisaini karatasi. Banda! Samsoni analitamani tangu ahamie! Nimesaini palepale juu ya boneti, kabla Samsoni hajaamka.

Mwenye nyumba akauliza kama nataka nakala. Nimekataa. Nakala zina tabia ya kuongeza mambo.