Wimbo wa Ndani kwa Fidla Tatu

Jumatatu, 4 Agosti 2025
Miaka kumi na tisa ya kutunga muziki. Kwenye runinga: muziki wa utabiri wa hali ya hewa, sekunde kumi na moja, na mtangazaji huongea juu yake. Kwenye filamu: onyesho moja la mazishi, likakatwa. Kwa okestra: simfonia ya kurasa mia mbili. Mke wangu Kanana huitumia kufunikia sufuria ya githeri. Nimekata tamaa kabisa.

Halafu saa nne, simu! Veronicah Mukami, dairekta wa Embu, anatengeneza filamu kuhusu mama mkulima wa ndengu kule Mbeere. Anatafuta mtunzi. Tumebaki wawili, mimi na Munyi. Munyi! Mtu wa kidole kimoja, kinanda kinajipiga chenyewe. Jumapili Mukami atakuja Meru kutusikiliza kwenye tamasha la ukumbi wa kanisa. Nikikosa kazi hii, narudi Mikinduri kuchuma miraa ya kaka yangu. Ameshanichagulia miti.

Jumanne, 5 Agosti
Okestra imepatikana. Fidla: Gatwiri wa kwaya na wasichana wenzake wawili. Tarumbeta: Ishmael, muuza nyama wa Majengo. Ngoma: Gedion. Kilichokosekana ni muziki tu. Kichwa kitupu kama debe.

Mchana, nikinyoa ndevu, nikajikuta navumisha wimbo. Mtamu ajabu! Nikasimama na povu shavuni. Ulikuwa wimbo wa ndani, ule tuliofundishwa kibandani tulipotahiriwa. Mwanamume wa Meru hauimbi mbele ya mwanamke yeyote, sembuse mama mkwe. Maneno yake siyaandiki hata hapa. Kanana hupekua.

Lakini maneno si yanatolewa? Fidla haina mdomo. Wanawake hawaujui wimbo. Wanaume wanaujua, ila atakayenishtaki itambidi awaeleze wanawake ni wimbo gani. Hawezi! Siri inajilinda yenyewe. Wakati mwingine akili zangu zinanitisha.

Alhamisi, 7 Agosti
Mazoezi. Fidla zilipoanza tu, Gedion akaangusha fimbo zake. Akaniita kando, akaniuliza kwa Kimeru kama nimerogwa. Nikamwambia hiyo ni sanaa. Akasema mama yake huketi safu ya pili, akabeba ngoma akaenda. Ishmael, ambaye hakupitia kibanda chetu, aliupenda sana wimbo. Anataka kuupiga kwenye harusi ya dada yake. Nikamkataza kwa ukali. Gatwiri akauliza Gedion ana nini. Nikasema tumbo.

Ijumaa, 8 Agosti
Balaa. Kanana anauvumisha akimenya viazi! Anasema ameutoa sokoni Gakoromone, kwa muuza nyanya mmoja, dada wa Gatwiri. Nilikimbia kwenda kuhakikisha. Kweli. Safu nzima ya nyanya inauvumisha, na wabeba magunia wanapita mbio, macho chini. Hakuna aliyenishtaki. Mpango unafanya kazi. Mbona basi silali?

Jioni Kanana akanipa habari njema. Jumapili wazazi wake watakuja tamashani. Ameshawawekea viti mbele.

Jumapili, 10 Agosti
Siwezi kuandika. Naandika.

Munyi alitangulia na kidole chake. Watu wakasinzia, nami nikafurahi. Kisha zamu yetu. Kwenye mstari wa kwanza wa wimbo baba mkwe alikohoa. Kwenye wa tatu alichukua bakora yake akatoka. Wanaume wakamfuata safu kwa safu, mchungaji akiwa wa mwisho, kaziba sikio kwa Biblia.

Wanawake walibaki. Na waliupenda! Vigelegele hadi mabati yakalia. Mama mkwe akasimama, akaitisha urudiwe, kisha akaimba la-la-la mkono juu. Mama mkwe wangu. Wimbo ule. Niliendelea kuongoza huku nalia, na watu wakadhani ni hisia.

Mukami akaja. Alisema wimbo umemtoa machozi, lakini nusu ya ukumbi imekimbia, nimweleze kwa nini. Nikafungua mdomo. Nikaufunga. Nikamtazama Munyi, aliyebaki kando ya kinanda chake, angalau anisaidie. Munyi akatazama dari. Anajua, shetani yule! Mukami alingoja, akangoja, kisha akasema hawezi kufanya kazi na mtunzi asiyeweza kueleza muziki wake mwenyewe. Filamu amempa Munyi. Siri ilijilinda hata dhidi yangu.

Jumatatu, 11 Agosti
Wazee wamenitoza kondoo dume na mtungi wa asali. Baba mkwe amerudi kwake na kuagiza asinione mpaka mavuno. Kanana anauliza nimefanya nini. Nimwambie nini? Anasema mume wa siri si mume. Nimejifungia chooni nikalia hadi jirani akagonga. Mimi si mtunzi. Sijawahi kuwa. Kaka amepiga simu, anauliza saizi yangu ya viatu vya gambuti.

Jumatano, 13 Agosti
Begi limefungwa. Mikinduri kesho alfajiri.

Mama mkwe bado yuko hapa. Gatwiri wa fidla anaolewa Desemba, kwa hivyo leo wanawake wamejifungia naye jikoni kwetu kumfundisha mambo ya ndoa. Nilipita na ndoo ya maji. Walikuwa wakiimba wimbo wa chinichini, mtamu hata nikasahau ndoo mkononi. Waliponisikia wakanyamaza ghafla. Kanana akatoa kichwa mlangoni, akasema huo ni wimbo wa wanawake, nijiendee zangu.

Wimbo wa wanawake! Hakuna mwanamume hata mmoja anayeujua! Nani atatoka ukumbini?

Nimefungua begi. Wimbo nimeushika wote. Maneno siyajui, na siyahitaji. Fidla tatu, polepole, Gatwiri apige ya kwanza. Nimempigia Mukami nikambembeleza mpaka akakubali kunisikiliza mara ya mwisho. Atakuja na mama yake.